Conan za mwaka 1996: tazama ipi, ruka ipi

Mambo zenu, karibuni tena. Leo nimefukua ya zamani: Meitantei Conan, katuni ya Kijapani ya upelelezi, zile sehemu za mwanzo kabisa, Januari 1996. Najua mtu akisikia katuni imeshavuka sehemu elfu moja anachoka kabla hajaanza. Tulia. Leo tunaishia ya kumi na moja.

Kwa mgeni: Shinichi Kudo ni mwanafunzi wa sekondari, mpelelezi, na majivuno anayo ya kutosha. Anatoka na rafiki yake Ran kwenda bustani ya michezo, anamfuatilia mmoja wa jamaa wawili waliovaa meusi, anapigwa kichwani na kunyweshwa kidonge. Walitaka afe, akazinduka mtoto wa darasa la kwanza. Ran anamuuliza, "Unaitwa nani?" Dogo kaegemea kabati la vitabu, kaona majina ya waandishi wa hadithi za upelelezi, Conan Doyle na Edogawa Ranpo, akaunga: Conan Edogawa. Uongo wa sekunde tatu, na mpaka leo bado anaishi nao!

Ila kabla ya kidonge kuna mauaji kwenye rola kosta, kile kigari cha bustanini kinachokimbia kwenye reli, na hapo ndipo mimi niliponasa. Abiria mmoja anakatwa kichwa kwa waya wakiwa ndani ya handaki lenye giza. Shinichi anamkamata muuaji kwa nini? Kwa chozi. Ukilia umekaa, chozi linateremka shavuni. Ukilia kwenye gari linalokimbia, upepo unalipeleka kuelekea sikioni. Mmoja wao alikuwa na michirizi ya pembeni, maana yake alikuwa analia gari bado linakimbia. Jina silitaji.

Sasa ile mbinu yenyewe ya kuua, ukiipigia hesabu, inachechemea. Muda wenyewe ndani ya handaki kiduchu, kazi yenyewe ya waya... mimi niliamua tu yaishe. Sehemu ya tatu ndiyo fumbo safi zaidi: maiti nyumbani kwa mwimbaji Yoko Okino, chumba kina joto la ajabu, sakafuni kuna maji. Basi, naishia hapo.

Kinachonikera ni mzee Kogoro, baba yake Ran, naye mpelelezi. Ukishazoea mtindo, kila kesi ni ileile: sindano ya usingizi kutoka kwenye saa ya Conan, mzee chali, Conan anaongea kwa sauti ya mzee kupitia tai ya kipepeo inayobadilisha sauti. Polisi wamejaa chumbani na hakuna anayeona mdomo wa mzee haujaachama! Na sababu ya kuua mara nyingi inakuja dakika mbili za mwisho, na kilio juu.

Ndiyo maana nasema kama huna subira, tazama ya kwanza, kisha ruka mpaka ya kumi na moja. Ni ndefu, ya saa nzima. Kogoro anaitwa kisiwani kwa barua ya mpiga piano aliyekufa miaka kumi na miwili nyuma, halafu kila maiti inapopatikana unasikika muziki wa Beethoven. Conan anafumbua fumbo, lakini safari hii kulifumbua hakumsaidii mtu. Mwaka 2021, walipofika sehemu ya 1000, waliichora upya hadithi hii hii. Mimi nabaki na ile ya zamani, picha zake za kupakwa rangi kwa mkono na usiku wake mzito.

Ukiitazama, niandikie hapo chini ulimjua muuaji dakika ya ngapi. Mimi sikumjua.