Programu za bure za maana ya majina: zinafaa kwa kuanzia tu

Programu hizi za simu ni nyepesi na hujibu papo hapo: unaandika jina, unapewa maana ya mstari mmoja. Udhaifu wake ni huo mstari mmoja. Andika Amina, kwa mfano. Kwa Kiarabu kuna majina mawili hapo: lenye "a" ndefu mwanzoni ni aliye salama, lenye "i" ndefu ni mwaminifu. Herufi zetu hazitofautishi urefu huo, basi programu isiyoonyesha hati ya asili, yaani jina kwa maandishi ya lugha lilikotoka, huchagua moja na kunyamaza kuhusu la pili. Mzazi anayechagua jina anastahili kujua yote mawili.

Majina ya ukoo yana mtego mkubwa zaidi. Lee inaweza kutoka Uingereza, ikimaanisha uwanda wazi msituni, au kwenye herufi ya Kichina 李, mti wa plamu. Hakuna undugu wowote kati yao. Ni tahajia tu imekutana. Kinyume chake, Smith la Kiingereza, Haddad la Kiarabu na Kovács la Kihungari hayafanani hata kidogo, na yote ni mhunzi.

Kabla ya kulipia toleo kamili, jaribu Amina na Lee. Programu ikikuletea lugha, hati ya asili na maana zaidi ya moja, ina thamani. Ikikupa "namba ya bahati" na tabia za mwenye jina, ifute. Matamshi ya sauti ni mazuri pale tu yanaposomwa na mzawa wa lugha husika.