Nowhere in Africa ya Stefanie Zweig: Wayahudi waliokimbilia Rongai

Nimekimaliza jana saa nane usiku na bado kiko kichwani, wacha niandike kabla sijapoa. Nilikipata kwa wale wauza vitabu vya mitumba hapa tao, ni tafsiri ya Kiingereza, chenyewe kilitoka kwa Kijerumani 1995, na karibu yote yaliyomo ni maisha ya Zweig mwenyewe sababu aliletwa Kenya 1938 akiwa mtoto mdogo, wazazi wake wakimkimbia Hitler.

Mimi hupita ile sinagogi ya Wayahudi ya University Way hapa Nairobi na matatu kila asubuhi na sikuwahi kujiuliza ni akina nani huswali mle. Kumbe kwenye kitabu Wayahudi wa Nairobi ndio wanatoa pesa ndio familia hii iruhusiwe kuingia. Walter, baba wa familia, alikuwa wakili Ujerumani, wakamnyang'anya kazi, huku amekuwa msimamizi wa shamba Rongai, ile ya Nakuru, na ya shamba hayajui. Anamwandikia mkewe Jettel aje na friji, Jettel anafika na gauni la sherehe! Na joho lake la uwakili Walter anampa mpishi wao Mjaluo, Owuor, naye analivaa kwa heshima zote. Hapo niliweka kitabu chini nikakaa tu.

Kitu sikuwa najua kabisa ni kwamba vita vilipoanza 1939 Waingereza waliwashika hawa hawa Wayahudi eti ni Wajerumani, ni maadui, wanaume wakapelekwa kambini, wengine wa akina mama na watoto wakawekwa Norfolk Hotel. Yaani umemkimbia Hitler halafu unafungwa kwa sababu ya pasipoti ya nchi yake. Na kuna ile barua fupi ya mama yake Jettel, kwamba wanapelekwa Poland. Zweig hakupeleki huko, unabaki shambani na hiyo karatasi, na Walter ameshaelewa kwamba hawatarudi. Hadithi za Wayahudi wa wakati ule ambazo wengi wetu tumesikia ni za makambi ya mauaji ya Hitler, hawa waliobaki hai mbali wakingoja posta hawasemwi sana, na yeye amewaandika mpaka na ugomvi wao wa jikoni.

Kinachoniuma ni Owuor. Ni mwema mno, mwaminifu mno, kila saa yupo. Naelewa tunamwona kwa macho ya Regina, binti ya Walter na Jettel, mtoto anayekulia kwa Kiswahili mpaka bodingi Nakuru, lakini nilitaka kumsikia Owuor akiwa kwao, anawasimulia nini watu wake kuhusu hawa wazungu wasio na kitu? Na hiyo ardhi ya Rongai ilikuwa ya nani kabla ya masetla? Hapo kitabu kinapita mbio na sikufurahia.

Nakipa nyota nne kwa tano. Filamu yake ilishinda Oscar 2003 lakini anza na kitabu jamani. Changu kesho kinaenda kwa shangazi Njoro, nimemwekea alama pale kwenye joho.