Siku Moja Takayama na Shirakawa-go: Tathmini ya Safari ya Kuongozwa kutoka Nagoya

Mwezi Novemba nilikaa Nagoya, nchini Japani, majuma matatu kwa mafunzo ya kazi, na Jumamosi ya pili nililipa yen 12,000, ambazo kwa fedha zetu zinakaribia shilingi laki mbili, ili niende milima ya Hida, mkoani Gifu, na kurudi siku hiyo hiyo, nikiwa na kundi la watu wapatao 30 na mwongoza watalii mmoja. Naandika tathmini hii kwa ajili ya wenzangu wa Dar es Salaam, kwa kuwa wengi wetu tunaofika mji ule tunapelekwa na masomo, mafunzo au biashara ya magari, na mara nyingi hatubakiwi na zaidi ya siku moja ya mapumziko. Mtu wa namna hiyo anataka kujua kama siku yake na fedha zake zitapata thamani. Kwangu mimi zilipata, na aliyezipa thamani ni yule mwongoza watalii kuliko hata mandhari yenyewe, ingawa kampuni iliyomwajiri, ambayo sitaitaja jina, ina mambo mawili ambayo inapaswa kuyarekebisha.

Ni vyema nieleze kwanza nilikwenda na jicho la namna gani. Baba yangu, ambaye sasa amepumzika kazi, alikuwa fundi wa kuezeka kwa makuti huko Mjimwema, Kigamboni, na sisi watoto wake ndio tuliokuwa tukimbebea makuti na kumrushia juu akiwa amekaa kwenye fito. Kwa hiyo niliposoma kwamba Shirakawa-go ni mahali ambapo watu bado wanaishi chini ya paa kubwa za nyasi, nilitaka kuona kazi ya mafundi wenzake baba, na nilikuwa na hofu kwamba nitapelekwa mbele ya paa hizo, nipewe dakika kumi za kupiga picha, kisha nirudishwe kwenye basi.

Tulikusanyika karibu na stesheni ya Nagoya saa moja na nusu asubuhi, na basi liliondoka kwa dakika ile ile iliyoandikwa kwenye tiketi. Barabara ya mwendokasi inaelekea kaskazini, na baada ya muda majengo yanapungua, mabonde yanabana na milima inaanza kusimama pande zote mbili. Mwongoza watalii wetu, mama mmoja wa makamo aliyezungumza Kiingereza cha polepole na kinachoeleweka, hakushika kipaza sauti njia nzima. Alieleza jambo moja, akatuacha tutazame nje, kisha akarejea na jingine. Nilimshukuru kwa hilo, kwani nimewahi kupanda mabasi ya utalii ambamo abiria hapati hata dakika tano za kutulia.

Takayama ndipo tulipoanzia, tukakaa saa mbili pamoja na chakula cha mchana. Ni mji mdogo wenye mitaa ya kale ya wafanyabiashara, iitwayo Sanmachi, ambayo nyumba zake za mbao zimeshika rangi nyeusi kwa umri, na pana jumba la utawala, Takayama Jinya, linalotokana na enzi ambapo shoguni, yaani mtawala wa kijeshi wa Japani, aliitwaa Hida mwaka 1692 na kuitawala moja kwa moja kutoka Edo, mji ambao leo ni Tokyo. Mtaa wenyewe ulikuwa umejaa wageni na maduka, na peke yake usingenishawishi kutoa fedha. Nililolibeba kutoka Takayama ni maelezo tuliyopewa tukiwa tumesimama chini ya upenu wa nyumba moja. Katika zama za kale, watu wa Hida hawakuwa na mavuno ya kutosha kulipia kodi ya mazao, hivyo serikali iliwaruhusu kulipa kwa ufundi: kila kijiji kilipeleka maseremala katika mji mkuu, ambako walifanya kazi kwenye mahekalu na majumba ya kifalme. Mama yule alituomba tulikumbuke jambo hilo hadi jioni, na jioni nilielewa kwa nini.

Kuhusu chakula, wasomaji Waislamu watapenda kujua kwamba niliandika mapema kuwa sili nguruwe wala chochote chenye pombe, na kampuni ilinijibu kwa barua pepe ndani ya siku mbili. Nililetewa samaki wa mtoni aliyechomwa kwa chumvi, wali, na mboga za milimani. Kulikuwa pia na bakuli la mchuzi mzito uliopikwa juu ya jani pana la mti, ambao ni chakula mashuhuri cha huko. Mwongoza watalii aliingia jikoni mwenyewe kuuliza, akarudi na kuniambia waziwazi kwamba ndani yake mna pombe ya kupikia, kwa hiyo niuache. Wengi wangesema tu kwamba hakuna tatizo. Hata hivyo, kwa kuwa chakula kiliingizwa katika bei, ilifaa nipewe kitu kingine badala ya kile nilichokiacha.

Kutoka Takayama kwenda Shirakawa-go njia inapita ndani ya mlima, katika handaki refu la barabara liitwalo Hida, lenye urefu wa kilometa 10.7, ambalo lilifunguliwa mwaka 2008. Unaingia gizani, unakaa humo muda mrefu kuliko unavyotarajia, na unapotoka upo kwenye bonde jingine kabisa. Kabla ya kutoka tulikuwa tumekwisha kuelezwa jinsi bonde hilo lilivyokuwa limejitenga, na jinsi theluji ya huko inavyoweza kupita mita mbili wakati wa baridi kali, kwa hiyo nilipoziona paa zile kwa mara ya kwanza, nilikuwa tayari najua zinapambana na nini.

Kijiji tulichotembelea kinaitwa Ogimachi. Nyumba zake zinaitwa za mtindo wa gassho, neno lenye maana ya viganja viwili vilivyounganishwa kwa ajili ya sala, kwa kuwa paa zimesimama kwa mwinamo wa karibu nyuzi 60 ili theluji iteleze isizielemee. Ukisimama kwenye kilima cha Shiroyama unagundua pia kwamba zote zimeelekea upande mmoja. Migongo ya paa inafuata bonde kutoka kusini hadi kaskazini, upepo unakutana na upande mwembamba wa nyumba, na jua linakausha mteremko mmoja asubuhi na mwingine alasiri.

Tuliingia katika nyumba ya ukoo wa Wada, iliyo kubwa kuliko zote kijijini, ambayo sehemu yake bado inakaliwa na familia. Hapo ndipo mwongoza watalii alipoonyesha uwezo wake. Alitupandisha darini, akatukalisha juu ya mbao, na kwa karibu nusu saa akatufundisha kulisoma paa kutoka ndani. Nguzo na mihimili ya chini, alisema, ni kazi ya maseremala wa Hida, wale wale ambao mababu zao walilipa kodi kwa ufundi. Paa lenyewe halikujengwa na seremala. Lilijengwa na wanakijiji, nalo limekalishwa juu ya mihimili hiyo kama kitu kinachojitegemea: boriti kubwa za mteremko zimechongwa ncha, na ncha hizo zinaingia katika vishimo, hivyo upepo ukivuma au ardhi ikitetemeka, paa linanesa bila kuvunjika. Hakuna msumari. Makombamoyo na fito vimefungwa kwa kamba za majani ya mpunga na kwa vijiti vya mti mchanga ambavyo hufungwa vikiwa vibichi na laini, na vikikauka vinabana kuliko kamba yoyote.

Nilipiga picha ya fundo moja na kumtumia baba pale pale. Alijibu baada ya muda mfupi akitaka kujua ni nini kinachozuia wadudu wasile vijiti hivyo. Niliwasilisha swali lake, na mama yule alifurahi, akatuonyesha weusi uliotanda juu yetu. Ni masizi. Kwa karne nyingi moto wa kuni uliwaka chini, katikati ya sakafu, na moshi ukapanda hadi kwenye nyasi, ukazikausha na kuwafukuza wadudu. Baba amekuwa akisema jambo hilo hilo tangu nikiwa mtoto, kwamba paa la jiko hudumu kuliko paa la chumba cha kulala. Tofauti ni kwamba makuti ya mnazi huchakaa ndani ya miaka michache, ilhali nyasi zile, zilizopangwa kwa unene mkubwa, hukaa miaka 30 hadi 40, na hupungua umri pale ambapo moto hauwashwi tena kila siku.

Darini humo ndimo walimofugwa viwavi wa hariri waliolishwa majani ya mforosadi, na chini ya sakafu za nyumba za bonde lile watu walichanganya udongo, majani na samadi ya viwavi hao, wakavitunza kwa miaka kadhaa hadi wakapata shura ya kutengenezea baruti. Ukoo wa Wada ulipata utajiri wake kutokana na biashara hiyo. Nyumba moja ilikuwa makazi, ghala na karakana kwa wakati mmoja, na bila mtu wa kunieleza ningeliona dari lile kama mahali palipo patupu.

Lililonigusa zaidi ni utaratibu uitwao yui, ambao kwetu tungeuita msaragambo. Wakati wa kuezeka ukifika, watu 100 hadi 200 hukusanyika, wengine juu, wengine chini wakipitisha vicha vya nyasi, wengine wakipika, na upande mmoja wa paa humalizika kwa siku moja. Mwenye nyumba anajua ni deni, na atalilipa kwa jasho wakati wa zamu ya jirani. Mwaka 1971 wanakijiji walikubaliana kwamba nyumba hizo haziuzwi, hazikodishwi wala hazibomolewi, baada ya kushuhudia vitongoji vingine vya bonde vikitoweka, vingine vikizama chini ya maji ya bwawa la umeme la Miboro. Makubaliano hayo yalitangulia kwa miaka 24 hatua ya UNESCO kukiingiza kijiji katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1995, na nadhani mpangilio huo wa matukio una uzito wake. Hapa kwetu, Kijiji cha Makumbusho kando ya Barabara ya Bagamoyo kimetuhifadhia msonge wa Wahaya na nyumba nyingine nyingi, nami hupeleka wanangu pale, lakini jioni mlango unafungwa na hakuna anayelala ndani. Ogimachi nguo zilikuwa zimeanikwa uani na mzee alikuwa akivaa miwani yake ili achambue maharage. Kwa sababu hiyo mwongoza watalii alitukataza kuchungulia madirishani, kukanyaga vijaruba vya mpunga, kuvuta sigara tukitembea, na kuacha hata karatasi ya pipi, kwani hakuna mapipa ya taka na kila mgeni hurudi na taka zake. Alituonyesha pia mabomba ya kurushia maji yaliyofichwa kila mahali, ambayo hufunguliwa yote kwa pamoja mara moja kwa mwaka kwa ajili ya mazoezi ya kuzima moto.

Sasa niseme kasoro. Ya kwanza ni muda. Tulikaa Ogimachi saa moja na dakika 45 tu, na baada ya nyumba ya Wada tulibakiwa na dakika 40 za kutembea wenyewe. Sikuweza kuvuka daraja la kuning'inia la mto Shogawa kwenda kuona nyumba zilizohamishiwa ng'ambo kutoka vitongoji vilivyoachwa, jambo nililokuwa nimelitamani sana. Kasoro ya pili ndiyo iliyosababisha ile ya kwanza: njiani tulisimamishwa dakika 45 kwenye duka kubwa la zawadi ambalo halikuwamo katika ratiba tuliyoilipia. Bidhaa zake zilikuwa zile zile tulizoziona Takayama. Kumwondolea msafiri robo tatu ya saa kijijini na kuzitumia dukani, bila kumwambia kabla hajalipa, si haki, na nilimwandikia mwenye kampuni nikimweleza hivyo. Alijibu kwa adabu kwamba atalizingatia. Mwongoza watalii simlaumu, kwa kuwa ilionekana wazi kwamba ratiba hakuipanga yeye.

Ukienda, uliza kabla ya kulipa utakaa Ogimachi muda gani, na kama kuna kituo cha manunuzi. Yapo mabasi ya kawaida ya moja kwa moja kutoka Nagoya yanayofika Shirakawa-go kwa karibu saa tatu, yenye nauli nafuu, na kwa mtu anayetaka picha tu hayo yanatosha, mradi akate tiketi mapema. Mwezi Novemba beba koti zito, si sweta la Lushoto, maana jua linazama kabla ya saa kumi na moja jioni na baridi inapanda kutoka mtoni. Vaa viatu vyepesi kuvua, kwa kuwa utavivua mara nyingi, na ngazi za darini ni za mteremko mkali, hivyo mzazi mwenye magoti mabovu atabaki chini.

Tulirudi Nagoya saa moja na robo usiku. Zipo nyumba kijijini pale zinazopokea wageni wa kulala, na safari ijayo, Mungu akijalia, nitalala humo usiku mmoja na Takayama nitaitengea siku yake. Nimekwisha kuiuliza kampuni kama inawezekana kumlipia mama yule peke yake kwa siku nzima, nikiwa na baba.