TAHADHARI MALINDI: Fundi wa "kutoa paswedi bila kupoteza kitu", msimpelekee simu

Asalam aleikum na habari zenu wadau wa Malindi, Watamu, Mambrui mpaka Gongoni. Someni hii mpaka mwisho na mumtumie mtu yeyote mwenye mzazi anayetumia smatifoni.

Kuna jamaa ana kibanda cha simu hapa mjini, ameweka bango na Facebook pia yumo, anasema anatoa paswedi, patani na PIN ya simu yoyote ile bila kupoteza hata picha moja. Jina lake na la kibanda siliandiki, kesi tushaiandikisha polisi na tumeambiwa tusimtaje mtu mpaka wamalize kazi yao, lakini anavyofanya nitaeleza yote, ukikutana na mchezo huu popote, iwe ni yeye au mwenzake, chukua simu yako uondoke.

Aliyepatwa ni shangazi yangu. Asubuhi anauza mahamri na mbaazi na harusi zikiingia anachukua oda za pilau na biriani, kwa hivyo biashara yake yote iko kwa simu, oda, namba za wateja, na picha za daftari la madeni manake daftari lenyewe lilishamwagikiwa na mafuta likawa halisomeki. Wajukuu walikuwa wanamchukulia simu waangalie katuni, akaona hapana, akabadilisha PIN akaweka wasiyoijua, na kwa vile kila siku anafungua kwa kidole ile PIN mpya hakuiandika tena. Siku chaji imeisha, kuwasha simu inataka PIN, kidole hakikubali kabisa. Hiyo kwa Android ni kawaida jamani, ukiizima na kuiwasha lazima uandike PIN kwanza ndio kidole kifanye kazi, na hata usipoizima itakuuliza angalau kila baada ya masaa 72. Wengi hudhani simu imeharibika, wanakimbia kwa fundi na roho juu.

Basi akaenda. Jamaa ni mpole, heshima tele, "mama keti hapa upepo, dakika kumi tu unaenda na simu yako na kila kitu chako". Shangazi akamuuliza, "Na picha zangu mwanangu?" Akaambiwa hazitoki hata moja, wallahi. Dipoziti 1,500 kwa M-Pesa, si kwa till, kwa namba ya mtu mwingine kabisa. Halafu akaanza kutaka vitu. Laini ibaki ndani, ati programu inaisoma. Namba ya kitambulisho, ati kuthibitisha simu si ya wizi, akaiandika kwa daftari lake. Kisha akataka na PIN ya M-Pesa "tujaribu kama laini iko sawa", hapo shangazi akakataa, akamwambia hiyo hata marehemu mume wangu hakuwahi kuijua, wewe wanitakia nini? Alhamdulillahi kwa hilo moja.

Sasa binamu yangu, kijana wa sekondari, alikuwa amemsindikiza mamake amesimama pembeni anaangalia. Kwenye laptopu kuna mstari wa kijani unapanda, 60, 70, 85, maandishi ya Kizungu yanateremka kwa kasi, wateja kwenye benchi wamenyamaza wanashangaa utaalamu. Kijana akaufuata waya kwa macho. Upande mmoja umechomekwa kwenye simu, upande wa pili umelala chini ya gazeti, haujachomekwa popote. Ile ilikuwa VIDEO inacheza! Akauliza mbona waya haujaingia kwa kompyuta, akajibiwa hii ni ya blututhi, hebu kijana nenda kaniletee soda.

Wakaambiwa waiache simu ilale pale kibandani, seva iko bize. Kurudi, simu imeflashiwa, imekuwa kama mpya, hakuna picha, hakuna namba, na sasa skrini inataka Gmail iliyokuwa kwa hiyo simu. Jamaa akasema Gmail imekwama, kuitoa ni 3,500 ya seva ya ng'ambo, bila hiyo simu haitoki hapa. Risiti aliyowapa imeandikwa "simu 1, ripea" basi, hakuna modeli, hakuna IMEI, ile namba ya utambulisho wa simu yenyewe.

Sasa hapa ndipo pabaya zaidi. Imeili ya akiba, ile ya kurudishia akaunti, ya ile Gmail ya shangazi ilikuwa ya binamu, yeye ndiye aliyemfungulia akaunti zamani. Akafungua imeili yake akakuta Google wamemtumia ujumbe kwamba paswedi ya akaunti ya mamake imebadilishwa, usiku ule ule simu iko kibandani. Yaani Gmail haikukwama, ni huyo fundi aliyebadilisha paswedi! Laini si anayo, code ya Google inakuja kwa SMS, anaisoma, anaweka paswedi yake, halafu anakuuzia akaunti yako mwenyewe kwa 3,500. Na usiku huo huo WhatsApp ya shangazi ikawa inawaandikia watu, "laini yangu ya M-Pesa ina shida nitumie 2,500 kwa namba hii nitarudisha kesho", na jamaa zetu wa Mambrui wakatuma, nani atamnyima mtu aliyempikia harusi ya mwanawe? Na SMS zikaonyesha kuna mtu alijaribu kubadilisha PIN ya M-Pesa, sasa mnaelewa kitambulisho kilitakiwa cha nini.

Tulichofanya, na nawe ukipatwa usingoje kubishana na fundi kwanza: mbio duka la Safaricom na kitambulisho, laini ikabadilishwa, laini mpya ikishika tu ile iliyo mkononi mwa mwizi inakufa hapo hapo. Kisha *100*100#, hiyo inazuia laini yako isibadilishwe na wakala wa mtaani, ni wewe mwenyewe mpaka dukani, kwa sababu namba ya kitambulisho anayo bado. WhatsApp tukaisajili upya kwa laini mpya, ikamtoa yeye. Gmail tukairudisha kupitia imeili ya binamu. Waliotuma pesa waliambiwa wafowadi ule ujumbe wa M-Pesa kwa 456 pesa irudishwe, mmoja alibahatika, mwingine pesa zilikuwa zishatolewa. Namba ya tapeli tukaituma 333, ya Safaricom ya kuripoti utapeli. Afu polisi, OB ikaandikwa, yaani taarifa kwenye kitabu chao cha matukio, tukaenda na boksi la simu lenye IMEI. Simu tulirudishiwa baada ya askari kufika pale, bila kulipa hiyo 3,500.

Lakini memori kadi haikuwemo. Na uchungu wangu uko hapo hasa. Kuhusu vitu vya ndani ya simu nisimuonee, hata fundi mwaminifu asingeviokoa, nitaeleza kwa nini. Ila picha za madeni ya miaka shangazi alikuwa akizipiga zinaingia kwa memori kadi, na memori kadi ya kawaida unaitoa tu unaiweka kwa simu nyingine picha zinaonekana, haihitaji PIN ya mtu. Kitu pekee kilichokuwa kinaokoleka ndicho alichokichomoa akakiweka mfukoni. Ati hakuikuta.

Sasa ukweli wenyewe ili usidanganywe na mtu. Simu za siku hizi vitu vyote ndani yake vimefungwa kwa hesabu za siri, na PIN yako ni sehemu ya ufunguo. Android zimeanza hivyo tangu toleo la 6 mwaka 2015, simu mpya za kuanzia Android 10 zote ni lazima. Kwa hivyo ukisahau PIN, njia iliyobaki karibu kwa simu zote ni kuifuta yote ianze upya. Mtu wa kibanda Malindi hana mashine ya kuvunja hiyo, na anayekuahidi hapo hapo kwamba hupotezi kitu anakudanganya, hata awe na laptopu tatu. Samsung zingine zilikuwa na njia ya kufunguliwa kwa mbali kupitia akaunti ya Samsung, lakini iwe ulikuwa umeiwasha mapema kabla hujasahau.

Na kufuta kwenyewe hakuhitaji fundi. Kwa Android nyingi unaizima, unashikilia kitufe cha kuongeza sauti pamoja na cha kuwasha mpaka menyu nyeusi itokee, unachagua "Wipe data/factory reset". Tecno, Infinix, Samsung zinatofautiana kidogo vitufe lakini mambo ni hayo. KABLA hujafanya hivyo toa laini, toa memori kadi, na uchukue simu ya mwenzako uingie kwa Gmail yako uone kama unaikumbuka, kwa sababu simu ikimaliza itakuuliza hiyo hiyo Gmail. Hiyo ni kinga ya wizi, Google waliiweka kuanzia Android 5.1 mwaka 2015, kwamba hata mwizi akiifomati haimfai. Kama paswedi ya Gmail umeibadilisha leo, subiri masaa 24 ndio ufute simu. Na ukiwa humo kwa Gmail angalia namba zako na picha kama zilikuwa zinapanda huko. Namba za shangazi zilikuwepo zote, zikarudi zenyewe tu, picha hazikuwepo kwa sababu alikuwa anaogopa bando.

Wenye iPhone nao. Ukikosea mara nyingi inakufungia dakika moja, kisha tano, kisha kumi na tano, inaendelea hivyo, mwisho inakataa kabisa. Kama umebadilisha paswedi juzi juzi na ndiyo uliyosahau, kuanzia iOS 17 unaweza kutumia ile ya zamani ndani ya masaa 72, bonyeza "Forgot Passcode?" utaona inakuuliza. Zaidi ya hapo ni kuifuta, kuanzia iOS 15.2 unaweza hapo hapo kwenye skrini ukiwa na intaneti na paswedi ya akaunti yako ya Apple, au uichomeke kwa kompyuta. Ikishafutika itataka akaunti ile ile, kinga hiyo ipo tangu iOS 7 ya 2013, na wanaoweza kuiondoa bila paswedi ni Apple wenyewe ukiwaonyesha risiti uliyonunulia.

Ndio maana nacheka nikiona hizo posti za "tuma IMEI na 2,000 tunakufungulia iPhone ukiwa nyumbani". IMEI inasaidia simu iliyofungwa kwa mtandao mmoja wa simu wa nje, haina uhusiano na paswedi ya skrini. Kijana mmoja wa hoteli kule Watamu alituma, akaambiwa aongeze "ada ya seva", akaongeza, kisha akablokiwa. Hawa wa mtandaoni angalau hawana laini yako, wanakula dipoziti basi. Wa kibandani anakula na pesa za watu wako.

Mafundi waaminifu wapo Malindi, wengi tu, na wanajulikana kwa maswali yao. Nilimuuliza mmoja hapa karibu na nyumbani angefanyaje, akaniambia kwanza ningemrudishia laini na memori kadi yake, ningemwambia mama simu nitaifomati vitu vitaenda, Gmail unaikumbuka? Kama hukumbuki rudi nyumbani ukaitafute kwanza. Huyo anachukua 500, anafanya mbele yako, na paswedi ya Gmail unaiandika wewe mwenyewe kwa kidole chako. Hilo ndilo swali, Gmail unaikumbuka. Asiyekuuliza hilo na anakuambia uache laini, usimuachie hata kova.

Na mkiwa nyumbani leo chukueni simu za wazee, WhatsApp wekeni ile PIN ya pili kwenye mipangilio ya akaunti, na kwa laini wekeni PIN ya laini yenyewe, mtu akiihamisha kwa simu nyingine inakataa, ila msiikosee mara tatu itataka PUK, ile namba ya kufungulia laini.

Kwa sasa tuko familia tatu zilizoandikisha kwa jamaa huyo huyo, wote mchezo mmoja, dipoziti kwa namba ya mtu mwingine, laini ibaki, kisha Gmail "imekwama". Kama ulipeleka simu ukaambiwa seva iko bize, au uliona WhatsApp yako ikiomba pesa simu ikiwa kwa fundi, nenda kituo cha polisi Malindi uandikishe OB, beba boksi la simu au chochote chenye IMEI, ujumbe wa M-Pesa wa dipoziti na skrinishoti za hizo meseji za kuomba pesa, msizifute. Sheria ya makosa ya kompyuta na mtandao ipo tangu 2018 na kuingia kwa akaunti ya mtu bila ruhusa ni kosa lenyewe hata kama hakuiba shilingi. Ukishapata namba ya OB niandikie inboksi, nitakuunganisha na wenzako twende pamoja. Na mwenye kuiona memori kadi ya GB 32 imejaa picha za daftari lenye majina ya watu na madeni ya mahamri, tafadhali, nusu ya Malindi mmo humo, turudishieni.