Kabla ya kusaini mkopo wa nyumba, uliza pesa ya ziada itaenda wapi

Jumamosi moja ya mwezi wa pili niliketi mbele ya meza ya afisa wa mikopo hapa Kampala, na karatasi sita za taarifa ya mkopo wetu na kalamu nyekundu mkononi. Kwa miezi 28 mimi na mume wangu, Baba Zuena, tulikuwa tumelipa shilingi 300,000 juu ya rejesho la kila mwezi. Hatukuruka hata mwezi ule mtoto alipolazwa. Nikashuka na kalamu kwenye safu ya salio, yaani deni lililobaki, mstari kwa mstari. Salio lilikuwa lile lile la jedwali tulilopewa siku ya kwanza. Yule kijana akageuza skrini ya kompyuta upande wangu, akasema kwa upole: "Madam, pesa yenu ipo. Iko kwenye akaunti, inasubiri marejesho yajayo."

Ilikuwa inasubiri. Milioni 8 na laki 4 zimelala bila kuzaa chochote, na benki hiyo hiyo ikitutoza riba ya deni zima. Nilipofika nyumbani nilipiga hesabu. Kama kila laki tatu ingekatwa kwenye deni siku ilipoingia, deni lingekuwa chini kwa zaidi ya milioni 10.3. Ile milioni 1.9 inayozidi pale ni riba tuliyoilipa bure. Na afisa hakunidanganya. Kifungu kilikuwa ukurasa wa kumi na moja: malipo yoyote yanayozidi rejesho yatahesabiwa kuwa ya miezi ijayo, isipokuwa mteja ameandika vinginevyo. Tulisaini ukurasa huo wote wawili.

Nilipowasimulia watu, simu hazikukatika. Mwalimu mmoja wa Mukono alikuta hali kama yangu. Mke wa askari kule Bombo alikuta kwamba ziada ya mumewe ilikatwa kwenye deni kweli, lakini kwa ada ambayo hakuna aliyewaambia. Basi nimekaa nikaandika mwongozo huu kwa Kiswahili, kwa sababu mikataba yenyewe ni ya Kiingereza tupu, na sisi tuliokulia kambini, mimi nimekulia Nsambya kwenye nyumba za polisi, tunazijadili pesa zetu kwa Kiswahili usiku halafu asubuhi tunasaini lugha nyingine.

Sitakuambia uangalie riba ya tangazo, wala uhakikishe hati ya ardhi, wala ujue aina ya umiliki wake, kama ni mailo, frihodi au lizi. Hayo umeshaambiwa na kila mtu. Ninataka tuangalie jambo moja tu: ukipata kipesa cha ziada, mkopo wako unakiruhusu kuua deni?

Uone kwa nini nalishikilia hivi, chukua mkopo wetu wenyewe. Nyumba upande wa Seeta, bei milioni 150. Tulitoa milioni 30, benki ikatoa 120, riba asilimia 18 kwa mwaka kwa salio linalopungua, yaani inapigwa kwa deni lililobaki tu, miaka 15. Rejesho ni shilingi 1,932,505 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza, katika pesa hiyo, riba ni 1,800,000. Kilichogusa deni ni 132,505. Soma tena namba hiyo ya mwisho. Mwaka mzima wa kwanza tulipeleka benki zaidi ya milioni 23, deni likapungua milioni 1.7. Mtu akifika mwaka wa tano atakuwa amelipa karibu milioni 116, na bado anadaiwa milioni 107. Mwisho wa miaka 15 utakuwa umelipa milioni 347.8 kwa mkopo wa milioni 120.

Sasa weka ile laki tatu kila mwezi, ikatwe kwenye deni kweli. Mkopo unakwisha kwa miezi 111 badala ya 180, na jumla ya malipo inakuwa kama milioni 246. Zaidi ya milioni 100 zinabaki nyumbani kwako. Hakuna afisa wa benki atakayekupunguzia riba mpaka uokoe milioni 100, hata ukimbembeleza kwa mwezi mzima. Kifungu kimoja cha ukurasa wa kumi na moja kinaweza.

Kuhusu miaka ya mkopo nitasema kwa ufupi, maana ni ndugu wa jambo hilo hilo. Mkopo wetu ukiusogeza hadi miaka 20, rejesho linashuka hadi 1,851,974, yaani unapata nafuu ya elfu 80 kwa mwezi. Gharama ya nafuu hiyo ni milioni 96 zaidi. Ukiukaza hadi miaka 10 unaongeza elfu 230 kwa mwezi na jumla inashuka hadi milioni 259. Kwa hiyo afisa akikuambia "tukuongezee miaka ili ipungue kidogo," mwambie akuandikie jumla ya mwisho kwenye karatasi hiyo hiyo, pembeni ya rejesho.

Haya, tuzipange njia za kupata nyumba kwa swali hilo moja: ni ipi inairuhusu ziada yako kuua deni?

Namba moja kwangu ni Housing Finance Bank, na sifichi kwamba ninaipendelea. Imeanza 1967 ikiwa kampuni ya mikopo ya nyumba, leseni ya benki ya biashara ikaja 2008, na NSSF, mfuko wa akiba ya uzeeni ambao wengi wetu tunakatwa kila mwezi, ina nusu ya hisa zake. Kwa benki nyingi nyumba ni bidhaa moja kati ya thelathini. Kwa hawa ndiyo kazi iliyowazaa. Nilipokwenda kuuliza swali langu, dada aliyenihudumia hakumpigia mtu simu. Alivuta kikokotoo, akanichorea majedwali mawili, moja la kupunguza miaka na jingine la kupunguza rejesho, akanionyesha ni fomu gani ningejaza kila nikileta ziada. Nilikaribia kulia pale dirishani. Sikuanzia kwao kwa sababu benki yetu ilikuwa karibu na kazini kwa Baba Zuena, na sababu hiyo imetugharimu. Hata hivyo, hata kwao, usiondoke bila jibu la maandishi.

Namba mbili ni benki nyingine kubwa, Stanbic, Centenary, Absa, dfcu na wenzao. Nimeziweka pamoja kwa makusudi. Watu hutumia wiki tatu kuzilinganisha kwa nusu asilimia ya riba, na riba yenyewe inabadilika. Benki Kuu ilipandisha kiwango chake cha riba hadi asilimia 23 mwishoni mwa 2011, na Oktoba 2024 ikakishusha hadi 9.75. Mkopo wa miaka 15 utapita kwenye mabonde na milima ya aina hiyo. Kwa mfano wetu, riba ikipanda kutoka 18 hadi 20 katika miezi ya mwanzo, riba ya mwezi mmoja peke yake inakuwa karibu milioni 2, yaani inalipita rejesho zima. Usipoongeza rejesho, deni linakua huku unalipa. Mlango pekee ulio mikononi mwako wakati huo ni kupunguza deni mapema, na mlango huo ndio wengine wameufunga kwa ada. Ada si lazima ikutishe. Kwa riba ya asilimia 18, ada ya asilimia 2 ya kiasi unacholipa mapema inarudi ndani ya mwezi mmoja na siku kumi hivi. Kinachonikera ni ada iliyofichwa, na kile kiwango cha chini: benki inayosema haipokei malipo ya mapema chini ya milioni 5 imeshamfungia mwalimu, nesi na konstebo, watu ambao ziada yao ni laki mbili tatu.

Namba tatu, Salaam Bank. Sheria iliruhusu benki za Kiislamu mwaka 2016, na hii ndiyo ya kwanza kupata leseni, mwaka 2023. Kwa murabaha benki inanunua kitu na kukuuzia kwa bei iliyokwisha kuongezwa faida, unalipa kidogo kidogo, na bei haipandi hata dunia ipinduke. Mama yangu hataki kusikia njia nyingine, na ninamwelewa. Nimeishusha hadi ya tatu kwa swali langu lile lile: kwa kuwa bei imefungwa siku ya kwanza, kulipa mapema hakukupi haki ya kupunguziwa kitu. Benki inaweza kukusamehe sehemu ya faida ikipenda. Kama wewe ni mtu wa kulipa sawasawa mpaka mwisho bila ziada, ipandishe hadi ya kwanza, hutakosea.

Namba nne ni kujenga polepole kwa mikopo ya SACCO, yaani vyama vya akiba na mikopo, njia ya Waganda wengi: mwaka huu msingi, mwaka ujao kuta, mabati Mungu akijalia. Askari wana Wazalendo, polisi wana Exodus. Uliza tu riba inapigwa kwa salio au kwa mkopo wote. Milioni 20 kwa "asilimia 12" ya mkopo wote, miaka minne, ni riba ya milioni 9.6, sawa na asilimia karibu 21 kwa salio. Mikopo ya mshahara na wakopeshaji wa mitaani usivitumie kununulia nyumba.

Kuna gharama za mlangoni ambazo hakuna anayekutajia mpaka siku ya mwisho. Ushuru wa stempu ni asilimia 1.5 ya thamani unapohamisha ardhi, kwetu ni 2,250,000. Wakati wetu tulilipa pia asilimia 0.5 ya rehani, ambayo ilikuwa 600,000. Kisha ada ya benki ya kuandaa mkopo, mthamini, wakili, bima ya maisha, bima ya moto. Mthamini na wakili ni lazima watoke kwenye orodha ya benki. Sisi tulikuwa tumeshamlipa mthamini wetu, ripoti yake ikakataliwa, tukalipa wa pili aliyekuja, akazunguka nyumba kwa dakika ishirini na kuandika thamani ile ile.

Na madalali! Kutoka Najjera hadi Kyaliwajjala tulilipa "pesa ya kuona" kwa nyumba ambazo nyingine zilikuwa zimeshauzwa. Mmoja alitupeleka nyumba iliyotajwa kwa dola, kwa mwenye nyumba Mganda, mnunuzi Mganda, mshahara wa shilingi, saruji ya Tororo. Nilimuuliza, "Kaka, dola ya nini hapa?" Akasema ndivyo wanavyouza. Bei ya dola hupanda na dola, lakini dola ikishuka utasikia kwamba saruji imepanda. Ukikuta bei ya hivyo, toka. Na ukiambiwa mkopo wa dola una riba ndogo wakati mshahara wako ni wa shilingi, toka mbio.

Dada zangu, neno moja kwenu. Sheria ya Rehani ya 2009 haimruhusu mume kuiweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa yako, na wewe huwezi kufanya hivyo bila yake. Saini yako ina nguvu. Usiitoe kabla hujakaa na jedwali zima la marejesho, mwezi wa kwanza mpaka wa mwisho, na kabla hujapata jibu la maandishi kwa maswali haya: nikilipa zaidi ya rejesho, ziada inakatwa kwenye deni siku hiyo hiyo? Kiasi cha chini ni kipi? Ada ni kiasi gani? Baada ya hapo mtapunguza miaka au rejesho?

Ukiwa tayari umo ndani kama mimi, andika barua. Yangu ilikuwa na sentensi tatu. Niliandika namba ya mkopo, nikasema: "Naomba kiasi chote kilichozidi rejesho kikatwe kwenye deni lenyewe leo, na kila ziada ijayo ikatwe siku itakapoingia. Miaka ipunguzwe, rejesho libaki lilivyo." Tukasaini wote wawili, nikapeleka nakala mbili, nikasubiri mpaka nakala yangu ikapigwa mhuri wenye tarehe. Kijana yule yule ndiye aliyeipokea. Mwezi uliofuata nilifungua taarifa jikoni nikiwa bado na unga mikononi, nikatafuta mstari wa riba. Ungekuwa 1,731,465. Ulikuwa 1,605,465.