Ofisi ya ustawi wa jamii Mbeya mjini: huduma ya haraka, siri hadharani

Mwezi Juni nilimsindikiza mdogo wangu katika ofisi moja ya umma inayoshughulikia ustawi wa jamii hapa Mbeya mjini, akiwa na shauri la matunzo ya mtoto. Tulifika kabla ya saa mbili asubuhi, na kufikia saa tatu na nusu barua ya wito kwa mzazi mwenzake ilikuwa imeandikwa na kugongwa muhuri, wala hakuna aliyetudai hata hela ya soda. Kwa hilo ninawapongeza kwa dhati.

Mlangoni pamebandikwa karatasi yenye picha za mavazi yasiyoruhusiwa, na mlinzi anaisimamia kwa ukali. Mama mmoja alizuiwa kwa sababu ya sketi yake hadi alipoazimwa kitenge. Sipingi staha. Kinachonisikitisha ni kwamba hatua chache tu kutoka hapo staha hiyo hiyo haipo tena, kwa kuwa meza ya afisa imewekwa katika chumba kile kile cha kusubiria, na majalada yamelazwa wazi kiasi kwamba yeyote anayesogea kuazima kalamu anasoma majina.

"Mama, ongea kwa sauti, mliachana kwa sababu gani?" aliuliza afisa. Mdogo wangu, ambaye mambo hayo hajamweleza hata mama yetu mzazi, akayasema mbele ya mabenchi mawili yaliyojaa watu, akiwemo jirani yetu wa Mwanjelwa. Afisa akaongezea mawaidha juu ya mwanamke kuvumilia ndoa, ambayo hakuna aliyemwomba. Binti mmoja aliyekuja na mtoto mgongoni kutoka Mbalizi alisikiliza yote, kisha akainuka na kuondoka kabla ya zamu yake.

Ibara ya 16 ya Katiba ya 1977 inampa kila mtu hifadhi ya maisha yake binafsi na familia yake, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, inazihesabu taarifa zinazohusu watoto kuwa nyeti. Kanuni za maadili ya utumishi wa umma nazo zinataja matumizi sahihi ya taarifa sambamba na uadilifu. Kwa maoni yangu, mtumishi anayeianika siri ya mwananchi amekiuka maadili kuliko mwananchi aliyekuja na sketi fupi, na karatasi ya kumkumbusha hilo sikuiona ukutani.

Marekebisho hayahitaji bajeti. Chumba cha pembeni kipo, ila kimejaa viti vibovu.

Kwa anayekwenda huko, awahi asubuhi, na akifika mezani aombe kwa heshima kuzungumza faraghani. Mdogo wangu aliomba hivyo aliporudi wiki iliyofuata, na afisa yule yule akainuka, akafunga jalada, akatoka naye hadi kwenye korido.