T-Rex: dhahabu ya London iliporudi Flint

Michezo ya Olimpiki ya London ya mwaka 2012 ndiyo ya kwanza kuwafungulia wanawake ulingo wa ngumi, na filamu ya hali halisi T-Rex, ya waongozaji Drea Cooper na Zackary Canepari (2015), inamfuata Claressa Shields wa Flint, Michigan, aliyetwaa dhahabu ya uzani wa kilo 75 akiwa na miaka 17. Matokeo yanajulikana kabla hujaanza kutazama, kwa hiyo thamani ya filamu imo katika yale yaliyoizunguka medali.

Kilichonivuta zaidi ni uhusiano wa bondia huyu na kocha wake, Jason Crutchfield, aliyeanza kumfundisha akiwa na miaka 11 na baadaye akampa makazi nyumbani kwake. Anamwongoza kama baba, wakati mwingine kwa ukali unaokera, lakini timu ya taifa ina makocha wake, na mtu aliyemjenga msichana huyu hukosa nafasi kwenye kona mapambano yanapokuwa makubwa. Katika mashindano ya dunia nchini China, Claressa alishindwa na Savannah Marshall wa Uingereza, na tiketi yake ya London ikategemea huyo huyo aliyempiga aendelee kushinda katika mashindano hayo.

Baada ya kumshinda Nadezda Torlopova wa Urusi kwa pointi 19 kwa 12 katika fainali, anarudi Flint akitarajia wadhamini, nao hawaonekani. Badala yake anashauriwa aache kusema kwamba anapenda kupiga watu. Sijui bondia alitakiwa apende nini.

Lawama yangu kubwa kwa filamu hii ni kwamba wapinzani wamebaki vivuli. Mkenya Elizabeth Andiego alishiriki uzani huo huo London, na mtazamaji wa Afrika Mashariki angependa walau kuonjeshwa safari za mabondia wengine waliofika huko. Vilevile, ningependa ufafanuzi zaidi wa namna majaji walivyohesabu pointi kwa kompyuta, mfumo ulioachwa mwaka 2013, kwani asiyeufahamu atajua nani ameshinda bila kujua kwa nini.

Ninaipendekeza hasa kwa makocha wa ngumi za ridhaa na wazazi wa vijana wanaocheza. Anayetafuta mapambano kamili, raundi kwa raundi, ayatafute kwingine, kwa sababu humu atapata vipande tu.